Mwangoja kamera gani?

Leo nina neno na madairekta wa maskani. Nyinyi wa Likoni, Kisauni na Changamwe, mko na filamu ya mapigano kichwani tangu fomu tu, na kila siku mwangoja. Mara kamera kubwa, mara mfadhili, mara kaunti itangaze pesa za vijana. Mpaka lini, jamani?

Mwamjua Isaac Nabwana? Kwao ni Wakaliga, mtaa wa mabanda kule Kampala. Kazi yake ilikuwa kufyatua matofali. Mwaka 2005 akaanzisha Ramon Film Productions, jina alilounga kutoka kwa nyanya zake wawili, Rachel na Monica. Kompyuta aliiunda mwenyewe kwa vipuri. 2010 akatoa Who Killed Captain Alex?, makomando kwa majambazi, kwa bajeti inayotajwa kuwa chini ya dola 200. Bunduki ni vyuma chakavu. Damu ni rangi ya chakula ndani ya kondomu. Trela ilipoingia YouTube, dunia ikamjua.

Najua komenti yenu: "Lakini bro, yachekesha!" Ndiyo, yachekesha. Helikopta yaonekana kabisa ni ya kompyuta. Na bado 2016 Bad Black yake ilishinda tuzo ya watazamaji Fantastic Fest, kule Marekani. Hiyo yako safi ya kichwani imeshinda nini?

Na msinambie alibahatika. Siri yake ni majirani. Waigizaji walikuwa watu wa mtaa wasiolipwa mshahara. DVD ikitoka, wao wenyewe waliibeba nyumba hadi nyumba kuuza, wakapata fungu lao. Sisi hapa twataka kulipwa kabla hatujashika hata panga la boksi.

Sawa, kufanya bila pesa kwauma. Nabwana alifuta nakala asili ya Captain Alex kwa sababu diski ilijaa na alihitaji nafasi ya kazi nyingine. Na hapa kwetu sheria yataka leseni ya kupiga filamu. Usitoke na bunduki bandia barabarani Kisauni bila kibali, polisi hajui kama unaigiza. Kama serikali yataka kutusaidia, ianze hapo: leseni rahisi, karibu na mtaani. Semina tumechoka nazo.

Kwa nini nimekasirika? Kwa sababu Kisauni ikitajwa kwenye habari, mara nyingi ni vijana na mapanga. Yule aliyekatwa hana jina, aliyekata hana hadithi, na mamake hayumo kabisa. Mapigano tunayo, ila wanaoyasimulia ni watu waliokuja na gari asubuhi wakavuka daraja kurudi mchana.

Simu unayo, na maskani imejaa waigizaji wasio na kazi. Nitumie trela ya dakika moja mwisho wa mwezi huu. Nitaiposti, hata kama yachekesha.