Toba Isiyotaja Jina

Pasaka ya mwaka 1994 iliangukia tarehe 3 Aprili, na siku nne baadaye, ilhali nyimbo za ufufuo bado zi vinywani mwa watu, katika nchi ya Rwanda, ambayo sehemu kubwa kabisa ya wananchi wake walikuwa wamebatizwa, Wakristo walianza kuwaua majirani zao Watutsi, pamoja na Wahutu waliokataa kushiriki, na mauaji hayo, yaliyodumu siku 100 hivi, yakamaliza roho za watu wapatao 800,000. Katika makanisa ya Tanga niyajuayo, hapa Mabawa na kwingineko mjini, aghalabu kumbukumbu hiyo hupita kila Aprili pasipo sala, na ukiuliza sababu hujibiwa kwa upole kwamba yale ni mambo ya Wanyarwanda, kama ambavyo ukiwataja Wayahudi milioni sita waliouawa na utawala wa Hitler, katika Ulaya iliyobatizwa karne nyingi kabla yetu, utajibiwa kwamba yale ni mambo ya Wajerumani. Jibu hilo halina insafu, na sisi wa pwani hii ya kaskazini ndio wa mwisho wenye haki ya kulitoa.

Injili ya Kilutheri iliingia Tanga mwaka 1890, na mwaka uliofuata ikapanda Usambara, ambako Ernst Johanssen na Paul Wohlrab walifungua kituo cha Mlalo. Na chama kilichowatuma, kilichoanzia Berlin, baadaye kilihamishia maskani yake Bethel, karibu na mji wa Bielefeld, penye makao mashuhuri ya kuwatunza wagonjwa wa kifafa, ndiyo sababu wazee wetu wakakiita Misioni ya Betheli. Johanssen huyohuyo, baada ya kuishi na Wasambaa miaka mingi, alisafiri mwaka 1907 hadi Rwanda akaanzisha huko kazi ambayo Kanisa la Presbiteri la nchi ile huihesabu hadi leo kuwa chimbuko lake. Leo Dayosisi ya Kaskazini Mashariki ya KKKT, Kanisa hilo la Rwanda, na Kanisa la Kiinjili la Rhineland kule Ujerumani, wote ni wanachama wa umoja mmoja wa misioni wenye makao yake Wuppertal. Basi anayesema hayo ni ya wengine, na atazame kwanza vitabu vya usharika wake vimeandikwa jina la nani katika kurasa za mwanzo.

Kuhusu Bethel liko jambo ambalo laiti kila mchungaji wetu angalifundishwa chuoni. Agosti 1933, miezi michache baada ya Hitler kushika madaraka, wanazuoni kadhaa walikutana hapo, miongoni mwao kijana Dietrich Bonhoeffer na Hermann Sasse, ili waandike ungamo la imani la kuwapinga wale Wakristo waliotaka kuligeuza Kanisa liwe chombo cha chama tawala. Na sura iliyohusu Wayahudi iliandaliwa na Wilhelm Vischer, Mswisi aliyekuwa akifundisha Agano la Kale palepale, ambaye mwaka huohuo alizuiwa kufundisha. Rasimu ile ikapelekwa kwa wataalamu wapatao ishirini wapate kutoa maoni yao, na kila ilipopita ikapunguzwa hapa, ikalainishwa pale, neno likatolewa, neno likatiwa, mpaka iliporudi ilikuwa imepoa kiasi kwamba Bonhoeffer alikataa kuitia sahihi. Hawakuwa watu waovu wale waliopunguza. Wengi wao walikuwa wachaji, wasomi, wenye nia njema, na naamini kila mmoja aliona kwamba anaokoa kitu fulani. Walakini walichokiondoa ndicho hasa kilichotakiwa kusemwa, na wakati wa kukisema ulikuwa huohuo, si mwingine.

Vita vilipokwisha, viongozi wa Kanisa la Kiinjili la Ujerumani walikutana Stuttgart, Oktoba 1945, wakakiri kwamba kupitia kwao wenyewe mateso makubwa yaliletwa juu ya watu na nchi nyingi. Wayahudi hawakutajwa. Ilibidi kungoja sinodi ya Berlin-Weissensee ya mwaka 1950 ndipo jina lao likaandikwa, na Kanisa la Rhineland lilingoja hadi Januari 1980 kukiri kwa kinywa kipana kuwa Ukristo wenyewe ulikuwa na sehemu yake katika hatia ile. Kwa Wakatoliki safari ilianza na Myahudi mmoja, mwanahistoria Jules Isaac wa Ufaransa, ambaye mkewe na binti yake waliuawa na Wanazi, naye badala ya kunyamaza kwa uchungu akaendelea kuchunguza yale ambayo Wakristo walikuwa wakiwafunza watoto wao juu ya Wayahudi. Mwaka 1960 akiwa mzee alikwenda Roma kumwona Papa Yohane wa 23, na katika Mtaguso wa Pili wa Vatikano, ambao Kardinali wetu Laurean Rugambwa wa Bukoba alihudhuria, likatoka tarehe 28 Oktoba 1965 tamko la Nostra Aetate, lililokana kwamba Wayahudi wote, wa wakati ule au wa leo, wabebeshwe hatia ya kifo cha Yesu. Walutheri nao, ambao Luther mwenyewe mwaka 1543 aliwaachia kitabu cha kushauri masinagogi yachomwe moto, walikutana na wajumbe wa Wayahudi Stockholm mwaka 1983 wakayakana maneno hayo, na mwaka uliofuata kukana huko kukapokelewa na mkutano mkuu wa Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani kule Budapest, wakati rais wa Fungamano akiwa Askofu Josiah Kibira, Mhaya wa Bukoba, aliyechaguliwa Dar es Salaam mwaka 1977. Jambo hilo kwa hiyo lilipita mikononi mwa Waafrika, na mikononi mwa Watanzania. Ni sisi tu tusiolisoma.

Na tungalilisoma, huenda Rwanda ingalitusomeka mapema. Wamisionari na maofisa wa kikoloni walieneza nadharia kwamba Watutsi ni kizazi cha Hamu mwana wa Nuhu, watu waliotoka mbali upande wa Uhabeshi, wenye kustahili kutawala. Askofu Léon Classe aliwashauri Wabelgiji wasiwaondoe machifu wa Kitutsi, na serikali yao ya kikoloni katika miaka ya 1930 ikawaandikia watu kabila katika vitambulisho. Siasa ilipogeuka, hadithi ileile iligeuzwa upanga: waliosifiwa kuwa wamekuja kutoka mbali wakaambiwa warudi walikotoka, na mwanasiasa Léon Mugesera, tarehe 22 Novemba 1992, akasema hadharani kwamba watarudishwa Ethiopia kwa njia ya mto Nyabarongo. Mto huo huingia Kagera, na Kagera huingia Ziwa Nyanza, na katikati ya mwaka 1994 wavuvi wa Uganda walikuwa wakiopoa maiti kwa maelfu na kuzizika. Kwa Wayahudi ilikuwa hadithi ya wauaji wa Kristo, kwa Watutsi hadithi ya wana wa Hamu. Zote mbili zilijengwa juu ya Biblia, zote mbili zilisimuliwa na watu wenye majoho, na zote mbili zilimfanya jirani awe mgeni kwa damu yake kabla hajafanya lolote.

Tunayo ithibati iliyosikilizwa katika ardhi yetu wenyewe. Mahakama ya kimataifa iliyokaa Arusha hadi mwisho wa mwaka 2015 ilimtia hatiani Mchungaji Elizaphan Ntakirutimana wa Kanisa la Waadventista, ambaye wachungaji wenzake Watutsi waliokimbilia Mugonero walimwandikia barua kumwomba awaombee kwa wakuu, nao wakauawa kesho yake. Na ilimhukumu Padre Athanase Seromba wa parokia ya Nyange, kwanza kifungo cha miaka 15, kisha katika rufaa ya mwaka 2008 kifungo cha maisha. Watu wapatao 1,500 walikuwa wamejificha ndani ya kanisa lake. Tarehe 16 Aprili 1994 likaletwa katapila, na padre, kama rufaa ilivyothibitisha, alimwonyesha dereva upande wa jengo uliokuwa dhaifu. Paa likawaangukia. Sijui kama upo ukurasa mwingine katika historia ya Ukristo wa Afrika ya Mashariki unaotutaka tusimame namna hii.

Kanisa lilisemaje? Mwaka 1996 sinodi ya Kanisa la Presbiteri la Rwanda ilitubu waziwazi, na nawaheshimu kwa hilo. Papa Yohane Paulo wa Pili mwaka huohuo aliandika kwamba Kanisa lenyewe haliwezi kubebeshwa makosa ya wana wake waliotenda kinyume cha Injili, na hati ya Vatikano ya mwaka 1998 juu ya mauaji ya Wayahudi ilishika njia hiyohiyo ya kuwatenga wana na mama yao. Maaskofu wa Rwanda waliomba radhi Novemba 2016 kwa ajili ya waumini walioshiriki. Ni Papa Fransisko, tarehe 20 Machi 2017, alipompokea Rais Kagame wa Rwanda, aliyeomba msamaha wa Mungu kwa dhambi na mapungufu ya Kanisa lenyewe na watu wake, miaka karibu 23 baada ya tendo. Mimi naona kauli ile ya Papa Yohane Paulo ilikuwa na kasoro kubwa, kwa kuwa padre wa Nyange hakuijua Nyange kama mtu binafsi. Alipewa funguo zake na Kanisa, na waliomkimbilia walikimbilia joho lake.

Majirani zetu Waislamu hufunzwa tangu chuoni kwamba Mwenyezi Mungu huisamehe haki yake, lakini haki ya mja haifutiki mpaka mja mwenyewe aridhishwe. Na Wayahudi nao, katika Mishna, wana kanuni kwamba Siku ya Upatanisho haiondoi kosa la mtu kwa mwenziwe mpaka kwanza amtake radhi. Yesu, aliyekuwa Myahudi na aliyesali kwa desturi ya Kiyahudi, alisema hayo alipotuamuru tuiache sadaka mbele ya madhabahu tukapatane na ndugu. Sharti moja, katika dini tatu. Toba inayosema mengi juu ya huzuni yetu na isimtaje aliyedhulumiwa haijafika kwake, na Wakristo tumetoa toba za namna hiyo kwa wingi.

Hapa nyumbani mambo yamekaa vipi? Niliwahi kutazama igizo la Ijumaa Kuu katika usharika ambao sitautaja. Vijana waliocheza Wayahudi walifungwa vilemba vyeusi na kubandikwa ndevu za pamba zilizochovywa wino, wakafundishwa kucheka kwa ukali, ilhali yule wa Yesu, na Mariamu, na Petro, walivaa kanzu nyeupe zilizopigwa pasi, kana kwamba hao ni wa taifa jingine. Na watoto waliokaa mkekani mbele walizomea, wakiwaonyesha kwa vidole, Wayahudi hao! Mabawa hatuna Myahudi wa kuumizwa na mchezo ule, na hilo ndilo linalonitia hofu, kwa sababu mtoto anajifunza kuchukia jamii nzima pasipo kumwona hata mmoja wa kumkanusha, na hatujui kesho chuki hiyo iliyozoeleka atamwekea nani.

Iko kasoro nyingine ya upande wa pili, ya wahubiri wanaopeperusha bendera ya Israeli madhabahuni na kuwafanya Wayahudi alama za siku za mwisho badala ya binadamu; na iko ya wale wanaochukua vita vya leo vya Palestina kuwa ruhusa ya kuwalaani Wayahudi wote. Anayewalilia watoto wa Gaza, nami nawalilia, halazimiki kumchukia Myahudi, wala anayetubu kwa ajili ya mauaji ya Wayahudi kule Auschwitz halazimiki kufumba macho. Vijana wawili wa Kitanzania waliokwenda Israeli kujifunza kilimo waliuawa katika shambulio la tarehe 7 Oktoba 2023. Msiba wao ulikuwa msiba wetu, wala hautupi haki ya kumdhulumu mtu yeyote.

Nawasihi maaskofu, mapadre, wachungaji na makatekista wa Tanga na Usambara: igizo la Ijumaa Kuu ijayo liandikwe upya, Yesu na mitume waonekane kuwa Wayahudi kama wenzao, tamko la Nostra Aetate na lile la Stockholm yasomwe katika madarasa ya kipaimara, na Jumapili iliyo karibu na tarehe 7 Aprili, katika sala ya waumini, wasitajwe "waliokumbwa na machafuko ya Rwanda," watajwe Watutsi.