Mlima Kati ya Marafiki



Vijana kadhaa wa Lushoto hunung'unika kwamba wakitaka kucheza Minecraft pamoja na ndugu zao walioko Dar es Salaam, mchezo hukataa kuwaunganisha. Mara lawama huanza: "Amenifungia mlango." Nionavyo mimi, tusimhukumu rafiki kabla ya kuichunguza njia.

Kwanza, wote wawili wawe na toleo lilelile. Toleo la Java na lile la Bedrock kwa kawaida hayapatani. Pili, mawimbi ya simu hupenya milima kwa shida: aliye bondeni aweza kukosa akipatacho aliye juu Irente. Asogee mahali pa wazi, ajaribu tena. Tatu, kampuni za simu mara nyingi huwagawia wateja wengi anwani moja ya intaneti. Basi simu ya mmoja ikiwa ndiyo mwenyeji, ujumbe wa mgeni hufika mlangoni pa kampuni usijue uelekee chumba kipi. Dawa ni kukutana kwenye seva ya pamoja.

Yapo pia yaliyo nje ya uwezo wetu. Tarehe 12 Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilikatika baharini, intaneti ikazorota nchini kote. Hapo rafiki alikuwa na kosa gani?

Wazazi, tusiwacheke. Mtoto anayejifunza kuuliza "kosa liko wapi?" kabla ya "nani mkosaji?" amejifunza jambo litakalomfaa ukubwani, hata katika ndoa.

Nawatakia juma jema.