Gulio la Ngaramtoni Wakati wa Ukame

Gulio la Ngaramtoni ni kipimo cha mvua kilicho bora kuliko vingi. Mvua ikikosa katika nyika za Monduli na Longido, ambazo Mlima Meru huzizuilia mawingu, mfugaji huleta ng'ombe aliyekonda akitafuta mahindi. Wengi wauza, wachache wanunua: bei ya ng'ombe yaanguka, na ya debe la mahindi yapanda siku ile ile. Basi yule aliyezoea kupata magunia kwa dume mmoja arudi nyumbani na madebe machache. Njaa yamkuta hali soko limejaa chakula. Ukame wa mwaka 2009 uliteketeza mifugo mingi mno katika wilaya za Longido, Monduli na Ngorongoro, hata Serikali ikagawa ng'ombe baadaye kwa kaya zilizobaki mikono mitupu.

Sisi wenye mshahara wa mwisho wa mwezi tunayo sehemu yetu katika jambo hili. Wako miongoni mwetu (hatutaji mtu) wazingojao siku hizo ili wanunue rahisi. Hatusemi kwamba kununua ni wizi, maana asipopatikana mnunuzi mfugaji apoteza vyote. Twasema bei iwe ya haki. Tena utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa mara nyingi hutufikia sisi kwanza ofisini, nao hulala ndani ya jalada. Yafaa karani ausome barazani mapema, kwa Kimasai ikibidi, mzee apate kuuza ng'ombe wawili wangali wanono, akanunue mahindi yake kabla bei haijapanda.