Kabla ya kusema "pikeni mboga", tuulize moto uko wapi

Kwenye radio zetu hapa Goma hatuchoki kurudia: mama, wape watoto mboga za majani, pika chakula chako mwenyewe, acha vya kopo. Mimi pia nimelisoma tangazo hilo mara nyingi. Siku moja mama mmoja aliyekimbia kutoka Rutshuru alinisimamisha njiani, akaniambia: "Mwanangu, ile mboga munasema ku radio, tutaipika na moto ya nani?" Nilikosa jibu.

Mama huyo hakosi ujuzi. Rutshuru na Masisi ndizo zilizokuwa zikilisha Goma kwa maharagi, viazi na mboga. Leo wakulima wa huko wananunua lengalenga kwa fungu, kwa franga za kuhesabu. Makala nayo inapanda bei kila barabara inapofungwa. Asiyeweza kuinunua anaenda kutafuta kuni upande wa Virunga, na tunajua yanayowapata wamama na wasichana huko: kupigwa, kubakwa, wengine kutorudi. Sufuria moja ya maharagi inaweza kugharimu zaidi ya pesa.

Ndiyo maana nasema ushauri wa chakula bora uanzie kwenye jiko. Sombe ni tamu, lakini inataka kutwangwa vizuri na kuchemshwa muda mrefu. Usiifupishe, kwani majani ya muhogo yasiyoiva yana sumu. Siku makala ni kidogo, sombe ingojee. Lengalenga inaiva haraka: ioshe kabla ya kuikata, kaanga kitunguu na nyanya kwa mawese kidogo, tia majani na chumvi, funika. Dakika 10 hadi 15 zinatosha. Maharagi makavu yaloweke usiku kucha, mwaga maji hayo, kisha pika ukiwa umefunika sufuria. Utaokoa makala.

Kwa wanaogawa misaada: kwa unga, maharagi, mafuta na chumvi, tunashukuru. Lakini maharagi bila moto ni mzigo tu. Kuna familia zinazouza sehemu ya unga ili zipate makala ya kupikia unga unaobaki. Kwa nini mgao usije pamoja na makala, au jiko linalokula makala kidogo?

Na kwa nini usije na gunia na mbegu? Ardhi ya Goma ni mawe ya volkano, jembe haliingii. Lakini gunia la udongo uliochanganywa na mbolea, lenye mawe madogo katikati ya kupitisha maji na matundu pembeni ya kupandia, linaotesha lengalenga. Baada ya wiki 3 au 4 unaanza kuchuma. Maji uliyooshea mboga yasimwagwe, ni ya gunia. Hata familia iliyopokelewa kwa jamaa, kwenye kiwanja kidogo, inaweza kuliweka karibu na mlango.

Sisi wa radio tubadilishe lugha yetu. Wamama hawa wamepika tangu utoto, hawangoji tuwafundishe mboga. Wanahitaji moto, udongo, na njia ya kuvipata bila kuhatarisha maisha. Nitakapolisoma tena tangazo lile, nitaanza na swali la yule mama wa Rutshuru, na wenye kugawa misaada walijibu pamoja nami.