Barua si Dirisha: Uhakiki na Maandishi ya Jamaa za Machakos

Ni mazoea ya wahakiki wengi kuwaachia wanahistoria barua na wasifu wa jamaa, kana kwamba maandishi hayo ni madirisha tu ya kuchungulia wakati uliopita. Mazoea hayo ni kosa, na hasara yake ni kubwa.

Machakos yatosha kuwa mfano. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilishurutisha ng'ombe wa Wakamba wapunguzwe kwa hoja ya kuhifadhi udongo. Muindi Mbingu aliwaongoza watu hadi Nairobi kuipinga amri hiyo, kisha akahamishiwa Lamu. Majalada ya watawala yanataja mifugo na mmomonyoko. Hayasemi ng'ombe yupi alikuwa wa mahari ya nani. Hayo humo katika wasifu unaotungwa nyumbani. Hata hivyo, wasifu nao haukosi hila: humtukuza babu, humfunika bibi, na aghalabu hunyamaza ikiwa babu huyo alimtumikia chifu. Anayeupokea kama ushahidi mtupu amedanganyika. Anayeutupa kwa kuwa umetiwa chumvi amedanganyika zaidi.

Barua ni vivyo hivyo. Askari Mkamba aliyepigana Burma mwaka 1944 aliandika chini ya jicho la mkaguzi wa jeshi. Ikiwa hakujua kuandika, mwenzake alimwandikia. Ikiwa mkewe hakujua kusoma, mtoto wa shule alimsomea. Barua moja basi yaweza kuwa na sauti kadhaa. Zile salamu ndefu zinazodharauliwa kuwa ni porojo ndizo kanuni ya utanzu, na asiyeijua kanuni hawezi kutambua mahali ilipovunjwa kwa hofu au hasira. Kutambua huko ni kazi ya mhakiki.

Mpinzani atadai kuwa barua hizo hazikukusudiwa kuwa sanaa. Lakini barua ambazo Shaaban Robert alimwandikia nduguye, Yusuf Ulenge, kati ya 1931 na 1958 nazo zilikuwa za faragha, na zilichapishwa mwaka 2002. Je, thamani yake imo katika maandishi au katika jina? Ikiwa ni jina, huo si uhakiki bali ni ibada. Ikiwa ni maandishi, basi sanduku la bati la mjane wa Kangundo lastahili jicho lile lile.

Mchwa hawangoji mijadala ya nadharia imalizike. Idara ya fasihi isiyowatuma wanafunzi wake kunakili barua hizo, kwa idhini ya wenyewe, inawaachia watawala wa 1938 neno la mwisho.