Wachezaji wa Ligi Ndogo Nao ni Wafanyakazi

Tarehe 3 Agosti, 2015, mchezaji wa besiboli aitwaye Mike Hessman, akiwa na umri wa miaka 37, aliupiga mpira ukavuka ukuta wa uwanja wa mji wa Toledo, katika jimbo la Ohio nchini Marekani. Hilo lilikuwa pigo lake la 433 la namna hiyo katika ligi ndogo za nchi hiyo, na kwa pigo hilo aliivunja rekodi ya Buzz Arlett iliyokuwa imesimama tangu mwaka 1937. Msimu ulipomalizika, Bwana Hessman aliacha kucheza. Watu wa Toledo walimshangilia, lakini kwa mamilioni ya wapenzi wa mchezo huo jina lake halikuwa na uzito wowote.

Yafaa ieleweke jinsi mchezo wenyewe ulivyopangwa. Katika besiboli mmoja hurusha mpira, na mpinzani wake huupiga kwa gongo kisha hukimbia kuzunguka vituo viitwavyo besi. Mpira ukivuka ukuta, mpigaji huzizunguka besi zote bila kuzuiwa. Kazi ya Bwana Hessman, timu yake ilipokuwa ikilinda, ilikuwa kusimama kwenye besi ya tatu, na mara nyingine ya kwanza. Juu kabisa ipo ligi kuu yenye klabu 30. Chini ya kila klabu zipo timu za ligi ndogo, ngazi juu ya ngazi, na humo maelfu ya vijana hungoja kuitwa juu. Walio wengi hawaitwi kamwe.

Bwana Hessman aliitwa. Klabu ya Atlanta ilimchagua mwaka 1996 alipotoka shule ya sekondari, lakini alingoja hadi Agosti 2003 ndipo alipokanyaga uwanja wa ligi kuu. Tangu hapo alikuwa mtu wa kupandishwa na kushushwa: Atlanta, kisha Detroit, kisha New York. Mwaka 2008 alikuwamo katika timu ya Marekani iliyotwaa nishani ya shaba kwenye Michezo ya Olimpiki ya Beijing. Mwaka 2011 alivuka bahari kwenda kucheza Japani, kisha akarejea kwenye ligi ndogo alikoanzia. Katika miaka hiyo yote, michezo yake ya ligi kuu ilikuwa 109 tu, na mapigo yake ya kuvuka ukuta huko yalikuwa 14.

Wapo watakaosema kwamba mtu huyu alishindwa. Huo ni uamuzi wa kijuujuu. Ligi kuu haiwezi kuwapo bila ligi ndogo. Huko ndiko nyota hufunzwa, na hawezi kufunzwa peke yake. Mrushaji chipukizi hana budi kuwarushia wapigaji hodari ndipo ajue upungufu wake. Na mpigaji chipukizi hana budi kucheza bega kwa bega na mkongwe aliyeona mengi. Mkongwe huyo ndiye Hessman na wenzake wa aina yake. Faida ya kazi yao huonekana juu, katika viwanja vikubwa na katika mapato ya wenye klabu, lakini jasho lenyewe hutoka chini.

Basi na tuulize: jasho hilo lililipwaje? Kabla ya mwaka 2021, kima cha chini cha mchezaji wa ngazi za chini kilikuwa dola 290 kwa wiki, na katika ngazi ya juu kabisa ya ligi ndogo dola 502. Mishahara hiyo ililipwa katika miezi ya mashindano tu. Mazoezi ya kabla ya msimu, ambayo mchezaji hakuwa na hiari ya kuyakosa, hayakuwa na mshahara. Mkongwe aliweza kuafikiana malipo makubwa zaidi, lakini kijana aliyeanza hakuwa na sauti yoyote. Wakati huohuo, mwaka 2019, kima cha chini cha ligi kuu kilikuwa dola 555,000 kwa mwaka. Mwajiri alikuwa mmoja, na mchezo ulikuwa mmoja.

Wenye klabu walidai kwamba hawa si wafanyakazi kamili, bali ni vijana wanaojifunza kazi kwa msimu. Mwaka 2018 Bunge la Marekani liliwasikiliza wenye klabu. Ndani ya sheria kubwa ya matumizi ya serikali kilitiwa kifungu kilichowanyima wachezaji wa ligi ndogo haki ya malipo ya saa za ziada. Hivyo ndivyo mwenye mali anavyoweza kuigeuza sheria iwe ukuta wa kumkinga na wale wanaomtajirisha.

Hata hivyo, lawama haiwezi kuishia kwa wenye klabu peke yao. Kwa miaka mingi wachezaji wa ligi kuu nao walishikwa na kifungu cha mkataba kilichoipa klabu haki ya kummiliki mchezaji mwaka hata mwaka, na kumpeleka kwingine bila kumuuliza. Mwaka 1966 walimpata kiongozi madhubuti, Bwana Marvin Miller, aliyetoka katika chama cha wafanyakazi wa viwanda vya chuma. Curt Flood wa klabu ya St. Louis alikataa mwaka 1969 kupelekwa Philadelphia kama mzigo, akafungua kesi. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ilimwangusha kwa kura 5 dhidi ya 3. Lakini wenzake hawakukata tamaa, na mwishoni mwa mwaka 1975 uamuzi wa msuluhishi ulikivunja kifungu kile.

Ushindi huo ulikuwa mkubwa, na mishahara ya ligi kuu ikapanda mno. Lakini chama kilichouleta kilikuwa cha wachezaji wa ligi kuu. Wale wa chini waliachwa nje ya mlango. Mchezaji kama Hessman alikuwa chini ya ulinzi wa chama siku alizoitwa juu; akishushwa, ulinzi ule ukabaki juu. Ilikuwa ni dosari kubwa kwamba watu waliojikomboa kwa umoja hawakuunyoosha mkono kwa ndugu zao wa kazi kwa zaidi ya nusu karne.

Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Mwaka 2014 wachezaji wachache wa zamani wa ligi ndogo walifungua kesi ya kudai mishahara yao, na mwaka 2022 wenye klabu walikubali kulipa dola milioni 185 ili kuimaliza. Septemba ya mwaka huohuo, walio wengi miongoni mwa wachezaji zaidi ya 5,000 wa ligi ndogo walitia saini kadi za kujiunga na chama kilekile cha ligi kuu. Machi 2023 mkataba wao wa kwanza ulikamilika. Kima cha chini cha ngazi ya juu ya ligi ndogo kilipanda kutoka dola 17,500 kwa mwaka hadi 35,800. Yale ambayo huruma ya wenye klabu haikuyaleta kwa vizazi kadhaa, umoja uliyaleta kwa miezi michache. Bwana Hessman alikuwa amekwisha kuacha kucheza miaka minane kabla.

Tusidhani kwamba mambo haya ni ya Wamarekani peke yao. Mwaka 2022 klabu ya Los Angeles Dodgers iliwasajili vijana wawili wa Uganda, Ben Serunkuma na Umar Male. Ngazi aliyoipanda na kushuka Hessman sasa imefika Afrika Mashariki, na kijana wetu anayeitwa kuipanda huanzia kipago cha chini kabisa. Si haki kumwonyesha nyota wa juu bila kumwambia habari za maelfu walio chini yake. Ni wajibu wa wazazi, walimu na viongozi wa michezo kuhakikisha kwamba anausoma mkataba kabla ya kuutia saini, na kwamba anajua chama kitakachomtetea.

Wapenzi wa michezo, wa besiboli na wa kandanda, hawana budi nao kubadili macho yao. Tunamshangilia mfungaji, na ni haki yake. Lakini mchezaji wa akiba na yule wa timu ya vijana wanaamka alfajiri ileile kwenda mazoezini. Chama chochote kinachowatetea wakubwa na kuwasahau wadogo kimefanya nusu ya kazi yake. Heshima ya kazi haipimwi kwa makofi ya uwanjani. Hupimwa kwa haki anayoipata yule ambaye jina lake halitajwi.