Ukuta Usiongoja Hukumu



Fedha za korosho zikishalipwa, Tandahimba hujaa nyundo na matofali. Ndio pia majira ya ugomvi wa mipaka, kwa maana mkorosho uliopandwa na babu kuwa alama ukikatwa, kinachobaki ni ushuhuda wa wazee, na wazee wanatutoka mmoja mmoja.

Tuseme wazi lile ambalo viongozi wengi hulipitia kando. Katika ugomvi wa mpaka, mara nyingi hashindi mwenye haki, hushinda mwenye fundi wa haraka. Anajua kwamba nyumba ikishafika kwenye lenta, hakuna atakayekuwa na moyo wa kuibomoa. Katika Kumbukumbu la Torati sura ya 27, msogeza mpaka ametajwa kando ya anayempotosha kipofu njiani. Siku hizi anasogeza kwa saruji.

Sheria inayo dawa yake: amri ya zuio la muda. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya linaweza kuamuru ujenzi usimame hadi shauri liamuliwe. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya 1966, zuio halizidi miezi 6, na hata likiongezwa halivuki mwaka mmoja kwa jumla; anayelidharau aweza kuwekwa kifungoni. Tangu shauri la Atilio na Mbowe la 1969, mwombaji hupimwa kwa mambo matatu: kama ana hoja nzito yenye dalili ya kushinda, kama atapata hasara isiyofidika, na ni nani kati ya wawili atakayeumia zaidi.

Dawa ipo, lakini mlango wake umefungwa kwa siku 30. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002 iliporekebishwa mwaka 2021, Baraza la Kata liliondolewa mamlaka ya kuamua, likabakiwa na usuluhishi. Baraza la Wilaya halisikilizi shauri mpaka Kata ithibitishe kuwa imeshindwa kupatanisha, au siku 30 zipite. Kupatanisha ni kazi ya Injili, hatuipingi. Ila katika siku hizo, nani ana mamlaka ya kumwamuru fundi ashuke? Kijiji hakina, Kata haina. (Na mafundi wetu, wakilipwa vizuri, ni hodari sana.) Mjane anapofika wilayani, yanapimwa maumivu: yake yeye ambaye mihogo yake imefukiwa, na ya jirani ambaye ameshaezeka bati. Kosa limegeuka kuwa utetezi wa mkosaji!

Wapo watakaosema kwamba zuio nalo hutumiwa na wenye nguvu kuwakomoa wanyonge, kwani ukuta wa udongo usioezekwa hauvumilii masika. Ni kweli. Ndiyo maana upande wa pili hupaswa kuarifiwa kabla, isipokuwa pale ambapo kuchelewa kungeharibu shabaha yenyewe, na mwombaji aweza kutakiwa aweke dhamana. Ubaya huo huponywa kwa kusikiliza shauri upesi.

Tunadai sheria iruhusu waziwazi zuio fupi litolewe tangu siku ya kwanza ya usuluhishi, ili wanaopatanishwa wawe wanapatanishwa juu ya ardhi, si juu ya nyumba iliyokwisha kujengwa.

Hadi hapo, kazi ni yetu. Malalamiko yakitokea, Kamati ya Haki na Amani ya kigango iende siku ileile pamoja na mwenyekiti wa kitongoji, wazee wa pande zote mbili, na wajumbe wa Baraza la Ardhi la Kijiji, ambalo kisheria lina watu 7, watatu wao wanawake. Yaandikwe: tarehe, hatua zilizopimwa, ukuta ulikuwa umefika wapi, na nani alikuwepo. Karatasi hiyo ndiyo itakayolionyesha Baraza la Wilaya kwamba bati lilikuja baada ya kilio.

Na kama kinachojengwa ni kanisa letu wenyewe, katika kiwanja ambacho jirani anakilalamikia, mwenyekiti wa kigango awasimamishe mafundi siku hiyohiyo, pasipo kungoja amri ya mtu yeyote.